Nitaigizaje maisha ya mtaa wetu bila kuwadhalilisha majirani?

*"Shikamoo mwalimu. Mimi ni kijana wa miaka 24, nimezaliwa na kukulia Chang'ombe hapa Dodoma. Naigiza tangu sekondari, na mwaka jana nilipata nafasi ndogo kwenye tamthilia iliyorekodiwa Dar. Sasa nimeandika filamu fupi ya dakika kama ishirini kuhusu mtaa wetu. Kuna mama anayeuza uji na maandazi alfajiri, mwanawe aliyeacha shule na sasa anaokota vyuma chakavu, na mwenye nyumba anayetaka kuwatoa. Nitaongoza mwenyewe na huyo kijana nitamwigiza mimi. Tutatumia simu na kamera ya rafiki. Majirani wameanza kusema nataka kuuza shida zao. Rafiki mwenye kamera anasema bila mateja wa kweli na watoto wanaolia kweli filamu haitafika popote. Mwingine ananiambia nikae siku tatu bila kula ili nionekane mtu wa njaa. Na wote wanasema filamu ya simu haihitaji kibali. Nifanyeje?"*

Marahaba, mdogo wangu. Nimeisoma barua yako mara mbili, na mara ya pili nilisimama kwenye maneno ya majirani. Mambo ya kamera, kibali na kukaa na njaa nitayajibu yote. Lakini naanza na majirani, kwa sababu swali lao ndilo gumu kuliko yote na wana haki ya kuliuliza.

Hawaikatai filamu. Sidhani kama kuna mtu Chang'ombe asiyetamani kuuona mtaa wake kwenye skrini. Wanachokiogopa wamekwisha kukiona. Mtu anakuja na kamera, anampiga picha mtoto mwenye kamasi, mfereji wa maji machafu na bati lililotoboka, kisha anaondoka, na picha zinakwenda kuombewa hela mahali ambapo wao hawatafika kamwe. Sisi watu wa Dodoma tuna kidonda cha ziada hapo. Kwa miaka mingi ukijitambulisha Dar kuwa unatoka Ugogo, unaulizwa kama umekuja kukaa kwenye taa za barabarani. Kipofu anayeongozwa na mtoto, wameshika fimbo moja, huyu mbele na huyu nyuma, amechezwa kwenye vichekesho mpaka watu wakadhani ndivyo tulivyozaliwa.

Taswira hiyo haikuzuka hivi hivi. Wazee wa Ugogo bado wanaitaja njaa ya Mtunya, ya miaka ya kuelekea 1920. Kabla yake, wakati wa Vita Kuu ya Kwanza, majeshi ya Wajerumani na baadaye ya Waingereza yalipita huku yakichukua ng'ombe, nafaka na wanaume wa kubeba mizigo. Mvua ilipokatika, ghala zilikuwa tupu na mifugo ya kuuza haipo. Sasa mtu akikuonyesha yule mwenye njaa peke yake, amekuonyesha tabia, nawe utaondoka ukisema "Wagogo ndivyo walivyo". Akikuonyesha ng'ombe wakiswagwa kwanza, amekuonyesha tukio, na kila tukio lina aliyelitenda. Ukiipiga picha ya shida bila sababu yake, unamgeuza mhusika wako kuwa ombaomba, hata kama uliipiga kwa upendo mkubwa. Nakuomba uishike hiyo, maana karibu kila nitakachokuambia kinatoka hapo.

Soma tena hadithi yako kwa jicho hilo. Mama anatolewa kwenye chumba. Kwa nini? Ukijibu "kwa sababu ni maskini", bado hujaandika hadithi. Dodoma ilitangazwa kuwa makao makuu mwaka 1973, na mwaka huohuo ikaundwa Mamlaka ya Ustawishaji Makao Makuu, ile CDA ambayo wazazi wako wanaijua vizuri. Ardhi ya mji ikawa mikononi mwake, ramani zikachorwa, na waliojenga nje ya ramani wakaitwa wavamizi hata pale walipolima babu zao. CDA ikavunjwa Mei 2017. Serikali ilikuwa imeshaanza kuhamia kweli tangu 2016, na Aprili 2018 mji ukatangazwa kuwa jiji. Sensa ya 2012 iliwakuta watu 410,956 hapa mjini. Ile ya 2022 ikawakuta 765,179. Watu hao wanalala wapi? Wanatafuta vyumba.

Ukiyajua hayo, mwenye nyumba wako anabadilika. Pengine ni mzee aliyejenga kwa matofali ya kuchoma, akiogopa tingatinga kwa miaka ishirini. Leo dalali anamnong'oneza kwamba chumba kile kikipigwa lipu na kuwekwa tailizi, atakuja mtumishi atakayelipa kodi ya miezi sita kwa mkupuo. Mama wa maandazi analipa mwezi kwa mwezi, tena kwa kusuasua. Mzee huyu si shetani. Ana binti anayesoma, ana goti linalomuuma, na amekula maandazi ya mama huyo miaka kumi. Siku atakapokuja kumwambia ahame, atakuja amevaa shati safi na hatajua aanzie wapi. Tukio hilo lina uzito kuliko mtu anayefoka na kutupa vyombo nje, na mtazamaji wa Nkuhungu au wa Area D ataona kwamba yeye mwenyewe yumo ndani ya hadithi.

Ousmane Sembène wa Senegal alilielewa hili mapema. Alikuwa kuli wa bandari huko Marseille, akawa mwandishi wa riwaya, halafu akageukia filamu kwa sababu watu aliotaka kuzungumza nao wengi hawakujua kusoma. Filamu yake fupi ya 1963, ya dakika kama hizo zako ishirini, inamfuata mwendesha mkokoteni wa farasi kwa siku moja tu jijini Dakar. Hakuna hotuba. Mtu anapokea abiria, analipwa na wengine na wengine hawamlipi, kisha anakubali kumpeleka mteja kwenye mtaa wa wakubwa ambako mikokoteni hairuhusiwi. Askari anauchukua mkokoteni, na mtu anarudi nyumbani akimvuta farasi mikono mitupu. Umeona kazi yake, umeona sheria inayomkata, umeona mpaka kati ya mtaa na mtaa. Sembène hakumlazimisha yeyote alie.

Sasa tuje kwenye kuigiza. Rafiki anayekuambia ukae na njaa siku tatu hakutakii mabaya, ila hajui njaa inavyoonekana kwenye kamera. Inaonekana kama usingizi. Mwigizaji asiyekula anapoteza umakini, anasahau alishika mfuko kwa mkono upi mliporekodi mara iliyopita, sauti inakauka, hasira zinamjia kwa wenzake. Na wewe ndiye mwongozaji. Watu kumi watakuwa wanakusubiri ufikiri. Kula, mdogo wangu.

Kosa lenyewe liko chini zaidi, kwenye dhana kwamba kuvaa uhusika wa mtu maskini ni kuigiza umaskini. Umaskini ni hali, na hali haiigiziki. Mwigizaji anayejaribu kuigiza hali anaishia kuinamisha mabega, kukunja uso na kuburuta miguu, na sote tumemwona kwenye filamu zetu akiwa na kaniki iliyochanwa kwa mkasi dakika tano kabla ya kurekodi. Kinachoigizika ni kutaka. Kijana wako anataka nini asubuhi hii? Labda anataka kumfikishia mnunuzi kilo kumi kabla ya saa nne, kwa sababu amemwahidi mama yake hela ya unga wa ngano. Hapo una kitu cha kufanya kwa mikono na macho.

Nenda ukajifunze kazi yake. Tafuta kijana anayeokota skrepa, mwombe akukubali wiki mbili, na umlipe kwa muda wake kama unavyomlipa mwalimu. Utagundua kwamba haangalii mbele anapotembea, macho yake yako chini na pembeni. Utamwona akitumia sumaku kutenga chuma na visivyo chuma, maana shaba na aluminiamu hazivutwi na sumaku na ndizo zenye bei. Utaona anavyousimamia mzani wa mnunuzi asiibiwe, na anavyojua kuwa ameibiwa lakini anachagua kunyamaza leo ili kesho apokelewe. Hayo yakikuingia mwilini, huhitaji kupaka vumbi usoni. Vumbi la Dodoma litakuja lenyewe.

Kuhusu machozi, mwangalie mtu yeyote wa mtaani kwako siku ya msiba au siku ya aibu. Anajizuia. Mama aliyekosa hela ya unga hamwambii mwanawe kwamba hana, anasema "leo tupike mlenda, nina hamu nao". Watu wenye dhiki hutumia nguvu nyingi sana kuificha, na katika ile nguvu ya kuficha ndipo mtazamaji anapoumia. Mwambie mwigizaji wako wa mama alie, atalia na watu watatazama simu zao. Mwambie achekeshe mtoto wakati ndani anahesabu siku zilizobaki za kodi, hapo hata mshika kamera atasahau kupumua.

Neno moja la lugha. Usiwafundishe wahusika Kiswahili cha taarifa ya habari, wala usiwape Kiswahili cha kuchekesha cha Mgogo wa vichekesho. Mtaani kwako watu wanachanganya. Bibi anaingia na "Mbukwenyi", kijana anajibu kwa Kiswahili cha bodaboda, mpangaji wa Kondoa anatupia Kirangi. Acha iwe hivyo na uweke maandishi chini ya picha pale panapohitajika.

Mateja wa kweli, hapana. Nasema hivyo bila kuzunguka. Mtu aliyelewa dawa hawezi kukupa ridhaa, kwa sababu aliyesema "sawa" siye atakayeamka kesho akakuta sura yake imesambaa. Filamu ikiingia mtandaoni haitoki. Mwaka mmoja baadaye kijana huyo ameacha dawa, anatafuta kazi ya kuosha magari, na mwajiri anamwonyesha simu. Kuna Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya 2022 inayokutaka uwe na ridhaa ya kweli, lakini hata isingekuwepo ningekujibu hivihivi. Tena ukimrekodi mtu akivuta au akiuza, umetengeneza ushahidi wa jinai, na ushahidi huo uko kwenye simu yako.

Watoto wanaolia kweli pia hapana. Najua inavyofanyika: mtoto anafinywa, au anaambiwa mama yake amegongwa na gari. Sheria ya Mtoto ya 2009 inamhesabu mtoto kuwa ni kila aliye chini ya miaka 18, na inamlinda dhidi ya kuteswa na kutumikishwa kazi za kumdhuru. Mtoto akihitajika, mzazi akubali na awepo, mtoto mwenyewe akubali, arekodiwe saa zisizo za shule, kwa muda mfupi, na aambiwe ukweli kwamba tunacheza. Mtoto anayejua anacheza huigiza vizuri kuliko aliyetishwa. Nimeliona hilo mara nyingi kiasi kwamba silibishanii tena.

Nikueleze na kosa langu. Miaka kadhaa iliyopita niliongoza filamu fupi niliyoagizwa na shirika moja. Walitaka mama mwenye maisha magumu, nikampata, mchangamfu, mwenye kikundi cha kukopeshana, mlezi wa watoto wa marehemu dada yake. Siku ya kurekodi alitoka amevaa gauni lake la kanisani. Nikamwomba abadilishe, avae la kazi. Akabadilisha bila neno. Kwenye kuhariri nilikata maelezo ya kikundi chake kwa sababu yalirefusha, nikabakiza macho yake na sufuria tupu. Tulipowaonyesha pale mtaani, alitazama mpaka mwisho, kisha akaniuliza kwa upole, "Mwalimu, huyu ndiye mimi?" Sikuwa na jibu. Karatasi ya ridhaa aliisaini, kila kitu kilikuwa halali. Toka siku hiyo naomba ridhaa mara tatu: kabla ya kurekodi, baada ya kurekodi, na baada ya mtu kujiona kwenye filamu iliyokwisha kuhaririwa. Akisema kipande hiki kitoke, kinatoka. Kwetu watu wengi husema "ndiyo" kwa heshima, hasa mgeni akiwa na kamera. Ile "ndiyo" ya tatu ndiyo ninayoiamini.

Kuna jambo jingine la kujifunza kutoka Brazil. Rio de Janeiro, kwenye mtaa wa mlimani uitwao Vidigal, kikundi cha maigizo cha Nós do Morro kilianzishwa mwaka 1986 na Guti Fraga kwa ajili ya vijana wa palepale. Kikafundisha miaka na miaka kabla kamera kubwa hazijafika. Mwaka 2002 ilipotoka filamu iliyobeba jina la mtaa mwingine wa jiji hilo, Cidade de Deus, vijana wengi walioigiza walitoka kwenye mitaa ya namna hiyo na walipewa mafunzo ya miezi kabla ya kurekodi. Uigizaji wao uliushangaza ulimwengu. Hata hivyo MV Bill, mwanamuziki mkazi wa mtaa huo, alilalamika hadharani kwamba filamu imewaongezea wakazi doa, kwa sababu jina la mtaa halisi sasa lilimaanisha bastola. Kwa hiyo fikiri sana kabla ya kuliandika neno "Chang'ombe" kwenye bango. Wewe unalisema kwa fahari. Msichana wa mtaa wako anayeomba kazi mjini atalibeba kwa namna nyingine. Ningekushauri uwaulize hilo majirani hasa, walijadili kwa sauti.

Ukiacha hayo, una njia tatu, na kila moja ina gharama yake. Unaweza kufanya filamu ya watu halisi wakiishi maisha yao. Ni rahisi kwa fedha na ina nguvu, lakini mzigo wote unawaangukia wao: sura zao, majina yao, mwenye nyumba wao. Kwa hadithi ya ugomvi wa kodi ambao bado unaendelea, siipendekezi. Unaweza kuchukua waigizaji wenye uzoefu, wa hapa au wa Dar. Watajua kukaa mbele ya kamera na majirani watabaki salama nyuma ya uhusika, ila nauli, malazi na tabia za seti zitakula bajeti yako, na wengine watakuja na ile kaniki ya mkasi. Au uchanganye: hadithi ya kubuni, wewe na mwenzako mmoja au wawili mnaojua kuigiza, na majirani kwenye nafasi nyingine baada ya mazoezi ya kutosha. Mimi ningechukua hii ya tatu. Itakuchukua miezi, pengine mwaka. Jirani anaweza kuacha katikati kwa sababu amepata kibarua, na hutamlaumu. Fedha hutaiona mapema, huenda usiione kabisa kwenye filamu hii ya kwanza. Nakuambia hivyo kwa sababu nimewaona vijana wakiuza pikipiki kwa ajili ya filamu fupi. Usiuze kitu kinachokulisha.

Na kabla ya kamera, anza na jukwaa la chini ya mti. Nchi hii ina urithi mzuri wa jambo hili. Kuanzia miaka ya 1980 Penina Mlama, Amandina Lihamba na wenzao wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam walikwenda vijijini, wakakaa na watu wachunguze wenyewe tatizo lao, walitengenezee igizo kwa ngoma na nyimbo zao, walicheze, halafu wajadili. Augusto Boal wa Brazil alikuwa na namna yake: igizo linachezwa mpaka pale mhusika anaposhindwa, kisha linarudiwa, na mtazamaji yeyote anaruhusiwa kusimamisha, kuingia mahali pa mhusika na kujaribu njia nyingine. Jaribu hivyo na tukio la mzee mwenye nyumba. Cheza jioni moja ya Jumapili, omba mtu aingie badala ya mama. Utashangaa. Yuko atakayemwambia mzee maneno ambayo hukuwahi kuyawaza, na mwingine ataingia badala ya mzee mwenyewe na kumtetea. Andika yote. Muswada wako utazaliwa upya, na wale waliosema unauza shida zao watakuwa wameanza kukusahihisha mistari.

Walipe. Hata kama ni kidogo, kiandikwe: nani anapata nini leo, na nani anapata nini filamu ikiuzwa au ikishinda zawadi. Wasimulie pia kilichompata Lamberto Maggiorani, fundi wa kiwandani jijini Roma aliyeigiza mwaka 1948 kama baba aliyeibiwa baiskeli. Filamu ilisifiwa dunia nzima. Yeye aliporudi kiwandani, kazi zilipopunguzwa naye akapunguzwa, ikidhaniwa ameshatajirika. Jirani yako akionekana kwenye simu za watu, mwenye duka atamnyima mkopo akisema "wewe si staa siku hizi". Zungumzeni hilo mapema. Haki za muswada wako ziandikishe kwenye ofisi ya hakimiliki, COSOTA, na mgawanyo kati yako na rafiki mwenye kamera muuandike kabla hamjapendana sana wala kugombana.

Kibali ni lazima. Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza, Na. 4 ya 1976, inakataza kutengeneza filamu bila kibali, na haisemi lolote la kukuruhusu kwa sababu kifaa chako ni simu. Bodi ya Filamu Tanzania ndiyo inayoshughulikia maombi, na filamu ikikamilika inakaguliwa na kupangiwa daraja kabla ya kuonyeshwa kwa umma. Kanuni na ada hubadilika, kwa hiyo nenda na muswada wako kwa Afisa Utamaduni wa jiji akuelekeze hatua za sasa. Mtaani, mwenyekiti wa serikali ya mtaa na mtendaji wajue tarehe na mahali. Ukitaka kumvalisha mtu sare ya polisi au ya jeshi, usikurupuke, omba ruhusa kwanza. Na Dodoma ni mji wa serikali: kabla ya kuinua kamera, angalia nyuma ya mhusika wako kuna jengo gani.

Ufundi nitaupitia haraka, kwa sababu simu yako inatosha. Jua letu la saa sita linapiga utosini na kuchimba mashimo ya giza machoni, kwa hiyo rekodi kabla ya saa tatu asubuhi na baada ya saa kumi jioni. Mtu mweusi akisimama mbele ya bati linalong'aa, simu italifuata bati na uso utakuwa giza. Gusa uso kwenye skrini, ufunge mwanga hapo, na mtu ashike shuka jeupe upande wa pili. Shusha kamera iwe usawa wa macho ya mama aliyekaa kwenye kigoda, usimtazame kutoka juu. Kisha hela yote iliyobaki iweke kwenye maikrofoni yenye kofia ya manyoya. Upepo wa Dodoma umeua filamu nyingi kuliko ukosefu wa kamera.

Limebaki la mwisho, na ndilo lililonifanya nikuandikie kirefu. Umesema utamwigiza kijana aliyeacha shule, mama anatolewa nyumbani. Hukusema kama ni hadithi yako. Kama ndivyo, au hata sehemu yake, jua kwamba mwili hautofautishi sana kumbukumbu na mazoezi. Ukirudia tukio la kutolewa mara kumi na tano kwa siku, moyo utakwenda mbio kama siku ile ya kwanza. Mpe mwenzako mmoja kazi ya kusema "basi kwa leo", na mkishamaliza vua nguo za uhusika, oga, ule na watu, mwitane kwa majina yenu halisi. Lakini ukiona usingizi umekimbia wiki mbili, au unaanza kunywa ili utulie, au unawaza kwamba afadhali usingekuwepo, simamisha filamu na uende ukaonane na mtaalamu ana kwa ana siku hiyohiyo. Hapa Dodoma tunayo Hospitali ya Taifa ya Afya ya Akili Mirembe. Najua jina hilo linavyotumiwa kutukanana vijiweni. Puuza. Wanapokea watu wanaokwenda kwa miguu yao wenyewe, na kituo cha afya kilicho karibu nawe kinaweza pia kukuanzishia njia. Na kama kwenye mazoezi mtoto atakuambia anapigwa au anachezewa nyumbani, usiliweke kwenye muswada. Piga 116, namba ya bure ya kumsaidia mtoto, au nenda ustawi wa jamii au Dawati la Jinsia na Watoto polisi.

Kwa wiki hii nakupa kazi moja. Amka saa kumi alfajiri, nenda kwa yule mama halisi wa maandazi uliyemwazia ulipoandika, maana najua yupo. Msaidie kukanda. Mwombe ruhusa umsomee ukurasa wa kwanza akiwa anachoma, na usimwangalie usoni unaposoma. Akikukatiza kusema "hapana, mafuta hayawekwi hivyo", andika alivyosema, halafu umwombe aendelee. Ukimaliza, njoo na karatasi zako zenye madoa ya mafuta. Nitazisoma.